Viazi Vitamu Jikoni kwa Mpishi Mkuu

"Kama miguu inakataa, sema sasa hivi. Nitamwambia mama umeamka na homa," Waya alinong'ona huku akimpokea Mche kikapu pale mlangoni.

"Miguu haina neno. Moyo ndio unataka kutangulia kurudi nyumbani," Mche alijibu.

Wakatazamana, wakacheka kwa pumzi tu, maana ndani kulikuwa na masikio. Waya alikuwa fundi umeme. Jina hilo alipewa mtaani kwa ajili ya kazi yake, na kwa ajili ya wembamba wake pia. Siku hiyo alivaa shati jeupe lililopigwa pasi mbele peke yake. Mgongoni makunyanzi yalikuwa yamelala vilevile kama yalivyotoka kwenye kamba. Mche aliliona hilo, kama alivyoyaona mengine yote. Mtu anayeshinda kutwa kitaluni akiotesha miche hujifunza kutazama, kwa kuwa mche hausemi kama una kiu au una mdudu. Ndiyo maana wateja wakamwita Mche. Na huko kitaluni ndiko walikokutana: pampu ya maji iliharibika, Waya akaitengeneza kwa saa moja, kisha akarudi siku nne mfululizo "kuikagua."

"Leo mama akikataa..." Waya alianza.

"Akikataa, nakuachia."

"Mche! Si nimeshasema nitakuoa hata akinuna mwaka mzima?"

"Na mimi nimeshasema siingii nyumba ya watu kwa dirishani. Mama yangu alifariki sijajua hata kutamka neno mama, mjomba ndiye aliyenilea. Nikipata mwingine, nataka aniite kwa mdomo wake. Wa kulazimishwa simtaki."

Waya akashusha macho. Alimjua. Mpole kama maji ya mtungini, lakini neno akishalitua chini, halinyanyuki.

Shida yenyewe ilikuwa chakula. Mama yake Waya alipika katika hospitali kubwa kwa miaka ishirini na miwili, wodi zote zikila mkononi mwake, na ingawa alishastaafu, watu walizidi kumwita Mpishi Mkuu. Mara ya kwanza Mche alimpelekea wali na maharage. Mama akala vijiko viwili, akaisukuma sahani. "Hakina ladha," akasema. Mara ya pili akampelekea samaki. Akamega mara mbili, akasukuma. "Hakina ladha." Kwa kinywa cha mwanamke yule, maneno mawili hayo yalikuwa hukumu. Na majuzi akatoa kauli ya mwisho: "Aje apike jikoni kwangu, mbele ya macho yangu. Viazi vitamu vya kuoka, basi. Akishindwa na hivyo, wewe mwanangu utafute kwingine."

"Jamani, mnafunga ndoa na huo mlango?" sauti iliuliza kutoka sebuleni.

Alikuwa shangazi yake Waya, dada wa marehemu baba, aliyefika jana yake kwa safari ya mbali ili ajionee mwenyewe. Alijaa kwenye kochi la watu wawili, akalitosha peke yake.

"Shikamoo, shangazi," Mche alisema akipiga goti kidogo.

"Marahaba. Ndiwe muuza majani?"

"Ndimi."

"Mwembamba. Na huyu naye mwembamba. Nyinyi mkizaa mtazaa sindano."

"Shangazi!" Waya akang'aka.

"Sindano ina kazi yake, mimi sijatukana mtu. Haya, pita jikoni, unangojwa. Usihangaike kutafuta vitu, makopo yote jana nimeyaosha na kuyapanga upya. Jiko la wifi yangu lilikuwa limenuna."

Jikoni palikuwa padogo na pasafi. Mpishi Mkuu alikaa kwenye kigoda kando ya oveni, aproni nyeupe ya hospitali ingali kiunoni, mikono mikavu imelala mapajani. Aliitikia salamu ya Mche bila kutabasamu.

"Nawa. Mpaka viwiko. Umeleta nini?"

"Viazi, mama. Kitunguu saumu, pilipili manga, limau, na majani ya rozimari kutoka kitaluni kwetu."

"Hebu hayo majani."

Akayasugua kwa viganja, akayapeleka puani. Akayaacha hapo muda mrefu, macho kayafumba, kama mtu anayetega sikio kwenye mlango wa nyumba iliyohamwa. Kisha akayarudisha kikapuni.

"Ni majani," alisema.

Mche akashangaa kimoyomoyo. Rozimari ile ilikuwa imeshajaza chumba. Hata shangazi huko sebuleni aliguna, "Mh! Mnapika au mnajipulizia manukato?"

Mche akashika kisu.

"Simama," Mpishi Mkuu alisema baada ya vipande vitano. "Unakata kimoja kikubwa, kimoja kidogo. Vidogo vitaungua, vikubwa vitabaki vibichi. Vyote viwe saizi ya kidole gumba changu. Kitazame."

"Ndiyo, mama."

"Na usivibananishe kwenye trei. Kiazi kikibanwa kinatoka jasho, kinachemka badala ya kuokwa. Ni kama watu. Mpe kila mmoja pa kupumulia."

"Na kitunguu saumu, nikitwange?"

"Ukitwange kiungue kiwe kichungu? Weka punje nzimanzima na maganda yake. Rozimari nayo ipake mafuta kwanza, isikauke ikawa miiba ya kuchoma watu ufizi."

Mche alijikuta anasahau hofu. Hakuna aliyewahi kumfundisha hivi, kwa ukali usio na chuki. Alitamani viazi viwe gunia zima ili mama yule aendelee kusema. Ndipo Waya alipotokea mlangoni, akaomba maji ya kunywa. Ilikuwa mara yake ya tatu.

"Leo umemeza jangwa?" mama yake akamuuliza.

"Joto, mama."

Alijifanya anakunywa huku akimtazama Mche juu ya ukingo wa kikombe. Macho yake yalikuwa yanauliza, na ya Mche yakamjibu kwamba hayajui, ila yanatumaini. Alipoondoka, aliacha kikombe kikiwa bado kimejaa.

"Chumvi, mama. Unaonaje, kiasi gani?" Mche aliuliza.

"Chumvi nitatia mimi. Hapo ndipo wasichana wa siku hizi mnapoharibu."

Bila hata kugeuza shingo, Mpishi Mkuu alinyoosha mkono kwenye rafu, palepale mkono wake ulipozoea kwenda, akashusha kopo. Akachovya kidole, akalamba, akatikisa kichwa kwa kuridhika.

"Chumvi kali hii. Nzuri."

Akachota konzi nzima, akainyunyiza kwenye viazi toka juu, kwa madaha, kama mtu anayelisha kuku wake mwenyewe. Kisha akaiingiza trei ndani ya oveni na kuufunga mlango.

Punje chache zilikuwa zimeangukia mezani. Mche alizifuta kwa kidole, na kidole kikaenda mdomoni chenyewe.

Ilikuwa sukari.

Damu ikampanda. Ananiharibia! Amenikalisha hapa, akanifundisha kwa maneno matamu, kumbe anataka nipeleke sebuleni sahani ya aibu! Aligeukia beseni akajifanya anaosha kisu, machozi yakidondokea kwenye maji. Alimwona Waya moyoni mwake, lile shati la pasi nusu, zile siku nne za kukagua pampu nzima. Akalia humohumo beseni, kimyakimya.

Lakini Mche hakuwa mtu wa kung'oa mche kabla ya kutazama mizizi. Akavuta pumzi, akalirudia jambo lile polepole. Mama amelamba. Amelamba sukari mwenyewe, akasema ni chumvi kali, na uso wake haukubadilika. Mtu wa hila angelamba kwa nini? Na ile rozimari je?

Akageuka, akamwangalia.

Mpishi Mkuu alikuwa akisimulia habari za hospitali, jinsi daktari mmoja alivyokuwa akijipenyeza jikoni kuiba ukoko. Dakika zikapita. Harufu ya sukari inayoungua ikaanza kutoka kwenye oveni, kwanza tamu, halafu nzito, halafu chungu. Ikapanda mpaka ikawasha macho. Mpishi Mkuu alikuwa amekaa hatua moja kutoka hapo, na bado anamsimulia huyo daktari na ukoko wake.

"Kuna kinachoungua huko!" shangazi akapiga kelele kutoka sebuleni.

Mpishi Mkuu akashtuka. Akaitazama oveni, akamtazama Mche. Na Mche akaona katika macho yale kitu ambacho hakuwahi kukiona: hofu.

Mche akaruka, akafungua oveni, akaitoa trei kwa kitambaa. Kingo za viazi zilikuwa zimegeuka rangi ya kahawa, vichache vya pembeni vimekuwa mkaa. Kisha akausukuma mlango wa jikoni kwa mguu, ukajifunga.

"Tangu lini, mama?" aliuliza kwa sauti ya chini.

"Tangu lini nini?"

"Tangu lini husikii harufu wala ladha?"

Mpishi Mkuu alisimama wima kana kwamba amepigwa. "Una adabu wewe?"

"Ninayo, mama. Ndiyo sababu nimefunga mlango."

Saa ya ukutani ikahesabu. Hatimaye mwanamke yule akakirudia kigoda chake kama mtu aliyeshushiwa mzigo akakosa pa kuweka mikono.

"Ile homa ya mwaka juzi," alisema. "Niliamka siku ya tatu, uji hauna kitu. Nikasema kesho itarudi. Kesho ikawa mwezi. Nikaandika barua ya kustaafu kabla hawajajua. Nikawaambia magoti yanauma." Akacheka kwa uchungu. "Magoti yangu mazima kabisa."

"Na nyumbani?"

"Nyumbani napika kwa mazoea. Mkono unajua kiasi, unajua kila kopo lilipo. Mwanangu anamaliza sahani, basi nashukuru. Akijua, atanitoa humu ndani, aniweke kwenye kochi kama mto. Mimi nje ya jiko ni nani?"

"Na chakula changu? Ulisema hakina ladha."

"Kwangu hakikuwa nayo." Akauinua uso. "Tena wewe ulikuwa unaniangalia. Wageni wengine wanakula, wewe unaangalia. Nikasema huyu akiingia nyumba hii, hatamaliza wiki kabla hajanifumania. Nilikuwa nakukimbia, binti."

"Mimi nilikuwa naangalia kama umekipenda, mama. Sikuwa natafuta lingine."

Mpishi Mkuu aliufunika uso kwa aproni. Mabega yakatikisika. Mche akachuchumaa mbele yake, akaweka mkono gotini pake, asijue kama amepewa ruhusa hiyo. Hakusukumwa.

"Umetia sukari, mama," alisema baadaye kidogo. "Kopo si lile. Shangazi ameyahamisha."

Aproni ikashuka. "Sukari? Kwenye viazi vitamu?"

"Konzi nzima."

"Mungu wangu! Hata wagonjwa wa sukari sikuwahi kuwafanyia hivyo."

Wakatazamana, na kicheko kikawatoka wote wawili kwa mpigo, wakajiziba midomo kama wezi. Kisha upishi ukamrudia yule mama mwilini. "Toa vilivyoungua. Upesi. Chumvi ya kweli iko wapi? Nyunyiza kidogo, pilipili manga ya kutosha, kamulia limau lote. Uchachu utauvuta utamu chini. Onja."

Mche akaonja. "Bado kidogo, mama. Utamu umesimama mbele, chumvi iko nyuma."

"Ongeza chumvi. Ile rozimari iliyobaki ikatekate, iingie mbichi. Onja tena."

Mche akatafuna, akafumba macho. "Sasa wanatembea sambamba."

"Peleka," alisema Mpishi Mkuu. Kisha akamshika mkono. "Utasema?"

"Siri si yangu, mama. Mimi nimekuja na viazi tu."

Sebuleni meza ilikuwa tayari. Waya alikaa ukingoni mwa kiti kama mtu anayengoja matokeo ya mtihani. Shangazi akachukua kipande cha kwanza, akatafuna, nyusi zikapanda. Akachukua cha pili. Cha tatu hakukitafuna, alikimeza.

"Vitamu," alisema, kana kwamba ametozwa faini. "Ila kuna sukari humu. Nani anatia sukari kwenye viazi vitamu? Hiyo si kumvalisha samaki koti la mvua?"

Waya akamtazama Mche. Mpishi Mkuu akatazama sahani.

"Ni mimi, shangazi," Mche alisema. "Nilikosea kopo."

"Ulikosea!" Shangazi akaweka uma chini. "Basi, kesi imekwisha. Msichana asiyejua chumvi na sukari ataendesha nyumba gani? Wifi, mpe asante yake aende. Mwanetu tutamtafutia mwingine."

Mche hakujitetea. Aliinuka, akaanza kukusanya kikapu chake. Rangi ilimtoka Waya usoni. Akanyanyuka amzuie.

"Kaa chini, Mche," alisema Mpishi Mkuu.

Hakuwahi kumwita jina. Mche akakaa.

"Sukari nimetia mimi," mama yule alisema. Sauti ilitetemeka mwanzoni, halafu ikapata miguu. "Nililamba sukari nikaiita chumvi, kwa sababu ulimi wangu umekufa. Pua nayo. Tangu ile homa. Huyu msichana ameligundua jambo hilo kwa saa moja, nyinyi mmekaa nalo miaka miwili. Na alipoligundua, amelibeba kwa aibu yake mwenyewe mbele yenu. Sasa semeni."

Waya alivuka chumba, akapiga magoti mbele ya mama yake.

"Mama, kwa nini hukuniambia?"

"Ungenitoa jikoni."

"Nikutoe niende wapi kula?"

"Kwani chakula changu kilikuwa sawa?"

Waya akakuna kichwa. Akamtazama shangazi, akaitazama dari.

"Sema ukweli, wewe mtoto."

"Ile supu ya Jumatano, mama... nilikunywa maji mpaka asubuhi nikawa naamka kila saa."

"Na ulimaliza bakuli!"

"Ningesemaje? Nimkosoe Mpishi Mkuu mimi ninayeunguza hata mkate?"

"Afadhali yeye," shangazi akadakia. "Ule mchuzi ulionipikia mwaka jana nilimpa paka. Paka akahama mtaa."

Mpishi Mkuu aliwatazama mmoja baada ya mwingine, na badala ya kulia akaanza kucheka. Alicheka mpaka akajishika mbavu, akacheka miaka miwili yote, na wengine wakamfuata. Hewa ya chumba kile ikawa nyepesi kama baada ya mvua kubwa. Waya alikuwa analia na kucheka pamoja, asijali nani anaona.

"Mche," mama alisema akijifuta macho, "nilikwambia chakula chako hakina ladha. Nisamehe. Ladha haikukosekana kwenye sahani. Jumamosi mjomba wako anakuwepo nyumbani?"

"Anakuwepo, mama."

"Mwambie asitoke. Tunakuja kuposa."

Shangazi aliivuta sahani kuelekea kwake. "Mimi sikukataa kabisa. Nilikuwa namjaribu," alisema, na hakuna aliyempinga kwa kuwa kinywa chake kilikuwa kimejaa.

Jua lilikuwa bado juu Waya alipomsindikiza mpaka nje. Walisimama kando ya ukuta, karibu kiasi cha mikono yao kugusana bila mtu kuonekana ameanza.

"Ungeondoka kweli?" Waya aliuliza. "Na kikapu chako, bila kuniambia kwamba si wewe?"

"Ningeondoka. Ningelia njia nzima, lakini ningeondoka."

"Kwa ajili ya siri ya mtu aliyekukataa?"

"Alikuwa anaogopa, Waya. Mtu anayeogopa humsukumi."

Waya alimtazama muda mrefu. Alimwona kama anamwona upya: vumbi la kitalu lisilotoka kwenye kucha, tone la mafuta shavuni, macho yale matulivu yaliyoona kila kitu na kukaa kimya. Akalifuta lile tone kwa kidole gumba, polepole, kidole kikachelewa kuondoka.

"Nina neno nimelibeba tangu ile pampu," alianza, sauti imemkauka. "Kila nikitaka kulisema, ulimi unapigwa shoti. Lakini leo, Mche, leo nataka ujue kwamba mimi, kwa moyo wangu wote..."

Dirisha la jikoni likafunguka kwa kishindo.

"Mche! Mche we!" Mpishi Mkuu aliita, mwiko mkononi, aproni imekaa sawa kiunoni. "Umekwenda wapi? Njoo uonje, mchuzi unachemka!"

"Abee, mama! Naja!"

Akakusanya sketi yake, akakimbia, viatu vikipiga sakafu, kicheko kikimtangulia ndani. Waya akabaki ukutani na neno lake mdomoni, kidole gumba kingali na mafuta, akitabasamu peke yake kama mwendawazimu aliyepewa mtaa mzima.